Namna ya kufuatilia kazi za muongozaji wa TV wa zamani wakati video zenyewe hazipo

Wengi tunakosea kwa kuanza na video. Unataka kumjua muongozaji wa miaka ya 50, unatafuta alichotengeneza, unakuta vitu vitatu vinne, unasema basi huyu hakufanya mengi. Sio hivyo kabisa. Tamthilia nyingi zilikuwa zinaenda hewani laivu kutoka studio, ikiisha imeisha, na wakitaka kuirudia wanaitwa waigizaji walewale waigize upya mwanzo mpaka mwisho. Kwa hiyo anza na karatasi.

Mchukue Rudolph Cartier wa BBC. Kwanza jina: alizaliwa Vienna 1904, na kabla hajakimbia Ujerumani Wanazi waliposhika madaraka alikuwa anaandika skripti za filamu kwa jina la Rudolf Katscher, sasa ukitafuta Cartier tu ule upande wake wa uandishi wote unakupita, na mimi naona huwezi kumuelewa bila huo. Alafu angalia na cheo, maana BBC ya enzi hizo muongozaji alikuwa anaandikwa prodyuza, usimruke ukadhani ni mtu wa bajeti.

Ukishapata majina ingia kwenye ratiba za Radio Times, lile jarida la ratiba za vipindi vya BBC, wenyewe BBC wameziweka mtandaoni bure kwenye mradi wao wa Genome, kuanzia 1923 mpaka 2009. Andika kila tarehe unayoiona. Ila kumbuka ratiba inachapwa kabla kipindi hakijaenda hewani, yaani inakuonyesha kilichopangwa, kwa hiyo pale penye utata hakikisha na mafaili ya utayarishaji, yako kwenye kumbukumbu za maandishi za BBC huko Caversham, Reading.

Hapo ndo uje kwenye video, na uwe makini unaangalia nini. Tamthilia yake ya Nineteen Eighty-Four ilienda hewani Jumapili 12 Desemba 1954, ikazua kelele mpaka bungeni, wakaigiza tena Alhamisi tarehe 16, na iliyobaki ni ya Alhamisi. Walirekodi kwa kuelekeza kamera ya filamu kwenye skrini ya TV, kwa hiyo ukungu unaouona usimlaumu nao muongozaji. Mpime kwa vitu vingine: kamera inahamaje kutoka kwa mtu mmoja kwenda mwingine bila kukata, na vile vipande vya filamu vilivyopigwa mapema amevichomeka wapi, maana mara nyingi ndo vinampa muigizaji muda wa kukimbilia seti nyingine au kubadilisha nguo. Ukianza kuviona hivyo utamheshimu sana huyu mzee.

Mwisho kwenye orodha yako weka alama tatu tofauti: ipo, imepotea, haikurekodiwa. Tamthilia yake nyingine, The Quatermass Experiment ya 1953, ilikuwa na sehemu sita, mbili za kwanza zipo, nne zilizofuata hazikurekodiwa kabisa, kwa hiyo usiandike zimepotea.