Jinsi ya Kukokotoa Gharama Halisi ya Mkopo wa Nyumba

Mtu anayetafuta mkopo wa nyumba huulizwa mapema sana anaweza kulipa kiasi gani kila mwezi, na kuanzia hapo mazungumzo yote huzunguka kwenye rejesho. Swali lenyewe ni la haki, kwa kuwa asiyemudu rejesho hawezi kuumudu mkopo. Hata hivyo, rejesho peke yake halimwambii mkopaji nyumba itamgharimu kiasi gani hadi mwisho, wala halimwonyeshi ni sehemu ipi ya fedha zake inayopunguza deni na ni sehemu ipi inayobaki kwa mkopeshaji kama riba. Hayo yote yanaweza kujulikana kabla ya kutia saini, na hesabu yake haizidi kujumlisha, kutoa, kuzidisha na kugawanya.

Katika maelezo yafuatayo nitatumia mfano mmoja: mkopo wa 1,000,000 katika sarafu yoyote, kwa riba ya asilimia 12 kwa mwaka inayotozwa kila mwezi juu ya salio, kwa muda wa miaka 20. Kiwango cha riba unachopewa wewe kinaweza kuwa cha chini au cha juu zaidi, lakini njia ya kukokotoa haibadiliki.

Kabla ya hesabu yoyote, uliza riba inatozwa juu ya nini. Wapo wakopeshaji wanaotoza riba juu ya salio linalopungua, yaani juu ya deni lililobaki mwezi ule, na wapo wanaotoza juu ya mkopo wote wa awali hadi siku ya mwisho, hata kama umekwisha kulipa nusu yake. Viwango vya namna hizi mbili havilinganishwi kwa kuvitazama tu. Asilimia 8 inayotozwa juu ya mkopo wote wa awali kwa miaka 20 inazaa riba ya 1,600,000 na rejesho la 10,833 kwa mwezi, ambalo ni karibu sawa na rejesho la mkopo wa asilimia 11.75 juu ya salio linalopungua. Anayetangaza 8 anaonekana kuwa nafuu kuliko anayetangaza 11, ilhali ndiye ghali. Asiyepata jibu la wazi kwa swali hili hana sababu ya kuendelea na mazungumzo.

Sasa tengeneza jedwali la marejesho, au mwombe mkopeshaji akupe. Programu yoyote ya kukokotolea majedwali ina kanuni iitwayo PMT, na ukiipa riba ya mwezi ya asilimia 1, idadi ya miezi 240 na mkopo wa 1,000,000, itakupa rejesho la takriban 11,011. Mistari inayofuata hujazwa kwa utaratibu ule ule: chukua salio, lizidishe kwa riba ya mwezi, toa riba hiyo katika rejesho, na kinachobaki ndicho kinachopunguza deni. Mwezi wa kwanza riba ni 10,000, hivyo katika fedha zote ulizolipa ni 1,011 tu iliyogusa deni lenyewe. Mwezi wa pili riba inapungua kwa kama 10, mwezi wa tatu vivyo hivyo, na mwendo unabaki kuwa wa taratibu mno kwa miaka mingi.

Ukizidisha rejesho kwa miezi 240 utapata jumla ya takriban 2,642,600, yaani riba ya 1,642,600 juu ya mkopo wa milioni moja. Wengi huishia kwenye jumla hii, wakashtuka, kisha wakatia saini vilevile. Kwa maoni yangu jumla hiyo si namba yenye manufaa zaidi katika jedwali, kwa sababu haisemi fedha hizo zinachukuliwa lini. Nenda kwenye mstari wa mwezi wa 60. Baada ya miaka mitano utakuwa umelipa takriban 660,650, na salio la deni litakuwa 917,400. Zaidi ya 578,000 zimekwenda kwenye riba, na deni limepungua kwa 82,600 tu. Endelea hadi mwezi wa 180, mwisho wa mwaka wa 15, ndipo utakuta salio limeshuka hadi karibu 495,000. Robo tatu ya muda wa mkopo hupita ndipo nusu ya deni iishe.

Hakuna hila katika mpangilio huo, kwa maana riba hufuata salio na salio ni kubwa mwanzoni. Lakini una matokeo mazito kwa yeyote ambaye huenda akauza nyumba, akahama, akaachana na mwenzi wake au akapoteza kazi kabla ya muda kwisha, na watu wa namna hiyo si wachache. Kwa hiyo, unaposoma jedwali, jiulize kwa uaminifu ni mwaka gani unaweza kulazimika kutoka, kisha linganisha salio la mwaka huo na bei ambayo nyumba ingeuzwa baada ya kutoa ada za mauzo. Bei ikiwa imeshuka, mtu aliyelipa bila kukosa hata mwezi mmoja kwa miaka mitano anaweza kuuza na bado akabaki na deni.

Jambo la pili la kuchunguza ni muda, na hapa ndipo fedha nyingi hupotea bila mtu kuhisi. Mkopo wetu ukilipwa kwa miaka 15 rejesho ni 12,002 na jumla ni 2,160,300. Ukilipwa kwa miaka 25 rejesho ni 10,532 na jumla ni 3,159,700, na kwa miaka 30 rejesho ni 10,286 na jumla inafika 3,703,000. Tazama tofauti kati ya miaka 20 na 30: rejesho linapungua kwa 725 kwa mwezi, na jumla inaongezeka kwa zaidi ya 1,060,000, kiasi kinachozidi mkopo wenyewe. Kurefusha muda husaidia sana pale riba ilipo ndogo. Riba inapokuwa kubwa, sehemu kubwa ya rejesho tayari ni riba, na miaka ya ziada hupunguza kidogo sana mzigo wa kila mwezi. Afisa mikopo anayekuambia kwamba kwa kuongeza miaka mitano utapata nafuu anasema kweli, ila hajakutajia bei ya nafuu hiyo.

Kuhusu riba yenyewe, swali la kuuliza ni kama imefungwa kwa muda wote, imefungwa kwa miaka michache ya mwanzo, au inapanda na kushuka kufuatana na kiwango cha benki kuu. Nchini Marekani mkopo wa miaka 30 wenye riba isiyobadilika ni wa kawaida. Nchini Uingereza mara nyingi riba hufungwa kwa miaka miwili hadi mitano, kisha mkopaji hutafuta masharti mapya. Kama riba yako inaweza kubadilika, jedwali ulilopewa ni makisio tu, na unapaswa kutengeneza la pili lenye riba iliyopanda. Katika mfano wetu, riba ikipanda kutoka asilimia 12 hadi 14 mwishoni mwa mwaka wa tano, rejesho litapanda kutoka 11,011 hadi takriban 12,218, na katika miaka 15 iliyobaki utalipa zaidi kwa kama 217,000. Ikiwa rejesho hilo la pili lingekushinda, basi mkopo huu ni mkubwa kwako hata kama rejesho la leo unalimudu.

Tahadhari kubwa zaidi inahitajika pale mkopo unapotolewa kwa sarafu ambayo siyo ya mshahara wako. Watu wengi wa Polandi na Hungaria walikopa kwa faranga za Uswisi kwa sababu riba yake ilikuwa ndogo, na thamani ya sarafu zao iliposhuka dhidi ya faranga, deni lilikua kila lilipohesabiwa kwa fedha za nyumbani. Tarehe 15 Januari 2015 benki kuu ya Uswisi iliacha ghafla kuizuia faranga isipande juu ya kiwango ilichokuwa imekiweka dhidi ya yuro, na waliokuwa bado na mikopo hiyo waliona deni likiongezeka ndani ya siku moja.

Zipo pia ada za kuingilia: ada ya kushughulikia mkopo, malipo ya mthamini, wakili, usajili wa rehani na, katika nchi nyingi, ushuru wa stempu. Zijumlishe zote, kisha uliza kama unazilipa mkononi au zinaingizwa kwenye mkopo, kwa maana ada ya 30,000 ikiongezwa kwenye deni la miaka 20 kwa asilimia 12 italipwa kama 79,300. Ada zikikatwa kwenye mkopo ukapokea 970,000 badala ya milioni, riba yako halisi inakuwa karibu asilimia 12.5 endapo utakaa na mkopo hadi mwisho, na karibu asilimia 12.8 endapo utaumaliza baada ya miaka mitano, kwa sababu ada ile ile imegawanywa katika miaka michache. Kiwango cha mwaka kinachojumuisha ada zote, ambacho sheria za nchi nyingi humtaka mkopeshaji akitaje, huchukulia kwamba utakaa hadi mwisho. Mwenye mpango wa kuondoka mapema asikitegemee peke yake.

Bima ya jengo na bima ya maisha ya mkopaji hudaiwa pamoja na mikopo mingi, na gharama yake hutajwa mwishoni kana kwamba ni jambo dogo. Uliza kama unaweza kununua bima kwingine. Kodi ya jengo, tozo za huduma za pamoja na matengenezo haviingii kwenye hesabu ya mkopo, kwa kuwa mwenye nyumba asiyekopa naye anavilipa, lakini vinaingia kwenye hesabu ya uwezo wako, na paa halisubiri deni liishe ndipo livuje.

Kwa wale wasiotaka riba, mikataba ya murabaha (mfadhili hununua nyumba kisha hukuuzia kwa bei ya juu zaidi unayolipa kwa awamu) na ya umiliki wa pamoja unaopungua (wewe na mfadhili mnaimiliki nyumba, nawe hununua sehemu yake kidogo kidogo huku ukilipia kodi sehemu iliyobaki) ina maswali yake. Katika murabaha uliza jumla ya bei ya kuuziwa na ulinganishe na bei ya kununua taslimu; katika umiliki wa pamoja uliza kodi ya sehemu ya mfadhili inapitiwa upya kila baada ya muda gani na kwa kipimo kipi. Uliza pia utarejeshewa nini ukimaliza mapema.

Jumla ya 2,642,600 inatisha kuliko inavyostahili, na haki inadai hilo lisemwe. Fedha za mwaka wa 20 hazina thamani ya fedha za leo. Mfumuko wa bei ukiwa asilimia 5 kila mwaka, rejesho la mwisho la 11,011 litakuwa na uwezo wa kununua sawa na kama 4,150 za leo, na marejesho yote 240 yakipimwa kwa thamani ya leo ni takriban 1,684,000. Nafuu hiyo inampata yule tu ambaye kipato chake kinapanda pamoja na bei na ambaye riba yake haipandi. Mwenye mshahara uliosimama haimfikii. Vilevile, ukitaka kujua kama ni heri kupanga, usilinganishe kodi ya pango na rejesho zima. Linganisha kodi ya pango ya mwaka na riba ya mwaka, ukiongeza bima, kodi ya jengo, matengenezo, na faida ambayo fedha za malipo ya awali zingekuletea kama ungeziwekeza kwingine. Sehemu ya rejesho inayopunguza deni ni akiba yako, nayo haihesabiwi kuwa gharama.

Jedwali likishakuwa mbele yako, litumie kupima malipo ya ziada, kwa kuwa hapo ndipo mkopaji ana nguvu. Kuongeza 991 kila mwezi juu ya rejesho la 11,011 kunaumaliza mkopo katika miaka 15 badala ya 20 na kuokoa riba ya takriban 482,300. Malipo ya mara moja nayo hutegemea sana wakati: 50,000 zikilipwa mwisho wa mwaka wa kwanza hufupisha mkopo kwa takriban miaka mitatu na kuokoa riba ya kama 350,000, ilhali kiasi hicho hicho kikilipwa mwisho wa mwaka wa 15 hufupisha kwa miezi minane na kuokoa kama 38,000. Mwenye deni jingine lenye riba kubwa zaidi, au asiye na akiba ya miezi michache ya dharura, aanze na hayo kwanza, kwa sababu fedha zilizokwisha kuingia kwenye nyumba hazitoki kwa urahisi.

Soma kifungu cha mkataba kinachohusu kulipa mapema. Baadhi ya wakopeshaji hutoza faini, wengine huruhusu kiasi fulani kila mwaka bila malipo, na wengine, usipowaelekeza, hupokea fedha za ziada wakazihesabu kuwa marejesho ya miezi ijayo, au wakapunguza rejesho na kuuacha muda wa mkopo ulivyo. Kwa hiyo, kila unapolipa ziada, andika barua au ujumbe unaosema kwamba kiasi chote kipunguze deni la msingi na muda wa mkopo ufupishwe, hifadhi nakala yake, na taarifa ya mwezi unaofuata ikifika, hakikisha salio limeshuka kwa kiasi chote ulichoongeza.