Hati halisi haipo: usiende mahakamani na kopi tu

“Wakili, kopi si ninayo? Wewe gonga muhuri tu.”

Mzee huyu anauza marumaru Kariakoo. Alikuwa anadai malipo ya shehena tatu, na ushahidi wake wote umo kwenye bahasha moja ya kaki. Nikamwambia, haitoshi mzee wangu. Muhuri wangu unasema nimeiona hati halisi, nami sijaiona. Hata ningegonga, kopi ingebaki kopi.

Tukaanza na swali ambalo nawauliza wateja wote, karatasi moja moja: halisi yake ilionekana mara ya mwisho wapi, kwa nani? Jibu ndilo linaloamua njia. Sheria ya Ushahidi ya Tanzania, Sura ya 6, inataka hati ithibitishwe kwa hati yenyewe. Kifungu cha 67 ndicho kinachotaja lini nakala inakubalika (namba zangu ni za toleo la 2019, hakiki na toleo ulilo nalo).

Mkataba aliupeleka kwa mnunuzi autie saini, haukurudi. Hapo hakuna kupotea. Hati iko kwa mdaiwa. Mwandikie notisi ya kuileta, kifungu cha 68, uitaje hati kwa tarehe na majina. Ipeleke mapema, si asubuhi ya kesi, na hakikisha anayepokea anasaini. Asipoileta, mlango wa nakala umefunguka.

Hati za kupokelea mzigo zilinifurahisha zaidi. Kitabu chake kina kurasa tatu tatu: nyeupe kwa mnunuzi, ya waridi kwa dereva, ya njano inabaki kitabuni. Saini ya mpokeaji imepenya kwa kaboni hadi ya njano. Usikimbilie kuiita kopi! Kifungu cha 64 kinazungumzia hati zilizotengenezwa kwa mkupuo mmoja, na hapo una hoja kwamba ya njano nayo ni ushahidi wa msingi, yaani inahesabika kama halisi. Nikamkataza kuchana hata ukurasa mmoja. Kitabu kizima kije.

Oda ya ununuzi ndiyo iliyopotea kweli, walipohamisha duka. Sheria inaruhusu nakala ikiwa hati imeharibika au imepotea, au haiwezi kuletwa kwa wakati kwa sababu isiyotokana na uzembe wako. Lakini neno “imepotea” peke yake halimshawishi hakimu. Tulichukua taarifa ya upotevu polisi, kisha nikamtafuta mtunza stoo, maana bosi hakuwahi kulishika lile faili la oda. Kijana akaeleza: lilikaa kabati gani, lini aliliona, alitafuta wapi, na nani alitoa fotokopi kutoka kwenye halisi. Hilo la mwisho ni muhimu. Kopi ya kopi ambayo hakuna aliyeilinganisha na halisi ni ugomvi mtupu.

Rekodi za benki zina njia yake: omba tawi likupe nakala zilizothibitishwa. Mazungumzo ya WhatsApp yanaangukia Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya 2015. Simu yenyewe itunze, usiiuze.

Upotevu useme tangu kwenye hati ya madai, ile inayofungua kesi. Na viambatisho vya hati ya madai havijawa ushahidi mpaka shahidi avitoe na mahakama ivipokee. Kosa hili nililifanya mwaka wangu wa kwanza: shahidi wangu aliomba kopi ipokelewe kabla hajaeleza halisi iko wapi. Wakili wa upande wa pili akasimama na pingamizi, likakubaliwa, nami nikabaki nimeishika ile karatasi kama tiketi ya basi lililoondoka. Kwa hiyo maelezo kwanza: iliandikwaje, ilipoteaje, kopi ilitoka wapi. Ombi la kuipokea lifuate.

Ikipokelewa, usikae bado. Angalia kama imeandikwa namba ya kielelezo (hati iliyopokelewa kama ushahidi), namba ya shauri, jina la aliyeitoa na tarehe, na kama imesainiwa. Ya mzee wangu ilikosa tarehe; nikainuka tena.