Namna ya kuchora katuni ya kufundisha kazi, kwa kumwiga Will Eisner

Bango langu la kwanza la salfa, ule unga unaopuliziwa mikorosho kuzuia ugonjwa wa ubwiri unga, lilikuwa na maneno mengi kuliko barua ya posa. Chama kimoja cha msingi cha ushirika huku Tandahimba kilinipa kazi, nikaandika mistari 14 ya maelekezo, pembeni nikachora mkorosho mmoja mzuri sana. Wakulima walikuja, wakausifu mkorosho, wakaenda zao. Salfa ikaendelea kupulizwa saa tano asubuhi, upepo unavuma, unga wote unaishia kwa jirani.

Aliyenitoa hapo ni mchora katuni Mmarekani. Will Eisner alizaliwa Brooklyn mwaka 1917, akafariki mwaka 2005. Wengi humjua kwa The Spirit, mpelelezi mwenye kinyago aliyeanza kutoka Juni 1940 katika nyongeza ya magazeti ya Jumapili, au kwa A Contract with God ya mwaka 1978, hadithi za wapangaji wa mtaa wa kimaskini New York. Tuzo za Eisner zinatolewa kwa wachoraji wa katuni tangu 1988. Mimi Eisner wangu ni mwingine, yule wa spana na grisi. Aliingia jeshini mwaka 1942, akawa anachora katuni za kuwafundisha askari kutunza magari. Kuanzia 1951 akachora jarida la jeshi lililoitwa PS, la matunzo ya vifaa, kwa miaka kama 20. Hapo ndipo pa kuiba maarifa.

Kabla hujashika penseli, patana kwanza. Eisner alihakikisha The Spirit inabaki mali yake wakati wachoraji wenzake wengi walikuwa wanauza kila kitu, wahusika na haki zote. Mimi mtu aliwahi kuchapa mchoro wangu mara ya pili bila hata salamu. Siku hizi naandikiana na mteja karatasi moja: anachapa nakala ngapi, na mchoro halisi unabaki kwangu.

Halafu tafuta mtu wa kukosea. Jeshini Eisner alikuwa na Joe Dope, askari anayeharibu kila anachogusa; msomaji anamcheka, kumbe anajifunza. Wa kwangu nimemwita Bwana Pupa. Amelala hadi jua limepanda, ndiyo anabeba mashine ya kupulizia. Hapa tuelewane: chekesha kwa tendo la mtu, usichekeshe kwa sura yake. Eisner mwenyewe aliteleza. Katika The Spirit alimweka kijana mweusi aitwaye Ebony White, midomo imevimbishwa kama maandazi, na kila nikiuona ule mchoro nafunga ukurasa. Kwa hiyo Pupa sikumpa chale wala lafudhi ya kabila lolote. Utani wa watani ubaki msibani na harusini.

Sasa orodhesha vitendo vyote, kisha ufute. Nilikuwa na 15, nikabakiza sita: analala, anatoka, anawasha, upepo unageuza, jirani anakohoa, kesho yake anaamka alfajiri. Kati ya fremu na fremu msomaji anajaza mwenyewe, usimfanyie kila kitu. Eisner, aliyefundisha School of Visual Arts kule New York, aliiita kazi hii sanaa ya mfululizo.

Kinachoweza kuonekana usikiandike. Upepo niliuchora kwa kanga zinazopepea kwenye kamba. Umande niliuchora kwa miguu ya Pupa iliyolowa na matone kwenye majani machanga, kwa sababu unga wa salfa hushika vizuri pakiwa na umande na upepo umetulia. Eisner alikuwa bingwa wa mvua, mvua yake inakulowesha. Kichwa cha hadithi pia alikijenga ndani ya picha, herufi zikawa majengo au karatasi zinazopeperuka. Nami neno SALFA nililiumba kwa lile wingu linalotoka kwenye mashine.

Maneno yaliyobaki yawe ya mdomoni. “Wadudu waharibifu na magonjwa” hakuna anayesema hivyo shambani, na ubwiri unga si mdudu. Jirani wa Pupa anasema tu, “We bwana, unapulizia mikorosho au unanipulizia mimi?”

Tumia wino mweusi, maeneo makubwa meusi na meupe. Kijivu cha penseli mashine ya fotokopi inakila.

Mwisho mpe mtu asiyejua kusoma. Nilimpelekea bibi mmoja Kitangari, nikanyamaza. Akaanzia fremu ya tano.

“Bibi, mbona umeanzia huku?”

“Mwanangu, si ndiko aliko kuku?”

Kuku nilimweka kujaza nafasi tu. Nikarudi nyumbani, nikamhamishia fremu ya kwanza, juu ya kitanda cha Pupa.