Yorkshire pudding inayoumuka: siri ni mafuta ya moto

Jumapili mchana nchini Uingereza, nyama ya ng'ombe ya kuoka huandaliwa pamoja na viazi, mboga, mchuzi mzito na Yorkshire pudding, yaani rojo la unga lililookwa likaumuka na kubaki na shimo katikati kama kikombe. Hii haina sukari, hamira wala baking powder. Ni unga, mayai na maziwa tu, na kinachoiinua ni mvuke. Mvuke huo lazima utokee ghafla, kabla rojo halijaganda, ndiyo maana nasisitiza sana moto wa mafuta.

Vipimo vya 12 ndogo: vunja mayai 4 kwenye bilauri, weka alama yalipofikia, kisha pima unga mweupe wa ngano na maziwa hadi alama ileile. Ongeza chumvi nusu kijiko cha chai. Usitumie unga uliochanganywa baking powder tayari.

Hatua ya 1: Rojo
Weka unga na chumvi kwenye bakuli, fanya shimo katikati, mimina mayai na upige mpaka madonge yaishe. Ndipo uongeze maziwa kidogo kidogo. Ukianza na maziwa yote, madonge yatakusumbua. Rojo liwe jepesi kama la chapati za maji. Lifunike na uliache nusu saa au zaidi, unga unywe maji vizuri. Mimi hulichanganya asubuhi, kabla nyama haijaingia ovenini.

Hatua ya 2: Mafuta
Hapa ndipo wengi wanapoharakisha. Nyama ikiiva, itoe ipumzike nusu saa huku umeifunika. Huo ndio muda wako wa pudding. Pandisha oveni hadi nyuzi 220. Chukua trei la vikombe 12, kavu kabisa, tia kijiko kimoja cha chai cha mafuta katika kila kikombe, kisha lirudishe ovenini dakika 10 hadi 15.

Mafuta yaliyochuruzika kutoka kwenye nyama ndiyo yenye ladha. Zamani nyama ilizungushwa mbele ya moto, na chombo cha rojo kikawekwa chini yake ili kidakie matone. Maelekezo yaliyochapishwa London mwaka 1747 yanataka mafuta yachemke kwanza, ndipo rojo limiminwe. Mpaka leo sijaona njia iliyo bora kuliko hiyo. Kama huna mafuta ya nyama, ya alizeti yanafaa. Siagi iache, itaungua.

Hatua ya 3: Kumimina
Hamishia rojo kwenye jagi. Mafuta yakianza kutoa moshi mwembamba, toa trei, liweke juu ya jiko, ufunge mlango wa oveni mara moja. Dondosha tone moja la rojo: likichachatika papo hapo, endelea, likitulia, rudisha trei. Jaza kila kikombe karibu nusu. Fanya haraka lakini kwa uangalifu, maana mafuta hayo hurukaruka. Vaa glavu za oveni na watoto wakae mbali.

Hatua ya 4: Kuoka
Dakika 20 hadi 25. Usifungue mlango kabla ya dakika 20, hata kwa kuchungulia; tazama kupitia kioo. Joto likishuka kabla kuta hazijakauka, zinanywea na hazisimami tena. Rangi ya dhahabu hafifu isikudanganye: subiri pembeni ziwe kahawia. Kisha toboa kila moja kwa ncha ya kisu, mvuke utoke, na uzirudishe dakika 2.

Zikibaki bapa, shuku mafuta kwanza, halafu mlango. Zikiumuka kisha zikalala mezani, hazikukaa ovenini vya kutosha.

Kuzila
Zipeleke mezani zikiwa moto, na mchuzi umiminwe katikati ya shimo. Huko Yorkshire, eneo la kaskazini mwa Uingereza, familia zilizokuwa na nyama chache zilianza kwa pudding na mchuzi peke yake, ili watu washibe kabla nyama haijagawanywa. Jaribuni hivyo siku moja, inapendeza sana.

Zinazobaki zipoe kabisa kisha zigandishwe kwenye friza. Siku ya kula, zitie ovenini moja kwa moja, nyuzi 200 kwa dakika chache, mpaka pembeni zikauke tena. Maikrowevu huzifanya kuwa ngumu kutafuna.