Pudini ya mayai ya Idi kwa wenye sukari

Mama yangu ana kisukari na kila Idi alikua anakaa pembeni anatuangalia tunavyokula pudini, iliniuma sana, ndo nikaanza kumtengenezea hii na sa hivi tunakula wote.

Chukua maziwa fresh nusu lita, mayai 4, iliki ya kusaga kijiko kimoja cha chai, vanila kidogo na stivia (kile kitamu cha majani kisicho na sukari). Maziwa ya kopo yale mazito usiweke kabisa, yamejaa sukari, na asali au tende nazo ni sukari tu hata kama watu wanasema ni za asili.

Pasha maziwa na iliki yapate uvuguvugu tu, mayai yakoroge taratibu bila kutoa povu, changanya, tia stivia kidogo kidogo huku unaonja manake ikizidi inaacha uchungu, kisha chuja. Mimina kwenye bakuli, funika na foili, liweke ndani ya sufuria yenye maji yanayofika nusu ya bakuli. Moto mdogo jamani! Maji yakichemka kwa fujo pudini inatoboka matundu kama sponji. Baada ya dakika 40 hivi chomeka kisu katikati, kikitoka kikavu imeiva. Ipoe, iingie frijini masaa manne, juu nyunyizia kungumanga ya kusaga.

Kata vipande 6. Maziwa yana sukari yake, kama gramu 4 kila kipande, kwa hiyo mgonjwa ale kimoja, baada ya chakula.