Somo: Chama cha mafundi wa upepo kwa meza ya wachezaji watano

Katika mchezo wa kuigiza hadithi mezani, vyama vya mafundi wa upepo, yaani wahusika wanaoamuru upepo, hufa kikao cha pili, na sababu karibu kila mara ni moja: fundi anaita upepo autakao, saa aitakayo, bure. Nahodha anabaki hana kazi, wachezaji wanaanza kushika simu. Hapa upepo unakopwa, na aliyekopa lazima alipe.

Andaa dadu mbili za ludo, daftari la mistari, ramani ya pwani iliyochorwa kwa mkono, na kete za bao. Kila mchezaji anapata kete 12. Hizo ndizo pumzi zake. Bao moja lina kete 64, kwa hiyo watano wanatosha na zinabaki nne za akiba.

Hatua ya kwanza, gawa mwaka. Dunia yenu iwe na miezi miwili angani mkitaka, lakini pepo msizibuni, za Tanga zinatosha. Kaskazi huvuma kutoka kaskazini-mashariki, Desemba hadi Machi. Kusi hushika baada ya hapo na huwa kali Juni hadi Agosti. Kati ya hizo mbili kuna majira yaitwayo tanga mbili, upepo hautulii upande mmoja. Majira hayo tupa dadu kila asubuhi kuamua unatoka wapi. Halafu kuna upepo wa kila siku. Alfajiri umande hutoka bara kwenda baharini, kwa kuwa usiku nchi kavu hupoa kuliko maji; mchana nchi hupata joto haraka na upepo hugeuka kutoka baharini. Ndiyo maana ngalawa hutoka kabla ya jua na kurudi alasiri. Fundi anayejua hili anaokoa kete nyingi kuliko mwenye nguvu.

Hatua ya pili, panga bei. Chora dira ya ncha nane. Kuongeza nguvu ya upepo unaovuma tayari ni kete 1. Kuugeuza ni kete 2 kwa kila ncha, hivyo kuupindua kabisa, ncha nne, ni kete 8. Kuuzima ni kete 4. Upepo ulioitwa unadumu raundi tatu. Usiku mmoja wa kulala unarudisha kete 4, maana yake aliyemaliza zote anahitaji siku tatu. Msipunguze hapa! Uchovu ndio unaowalazimisha wachezaji kufikiri.

Kisha tupa dadu mbili kuona kama upepo umeitika. Baharia, yaani mwanafunzi, anahitaji 9 au zaidi: matokeo 10 kati ya 36. Serahangi, msimamizi wa mabaharia, anahitaji 7 au zaidi, matokeo 21. Nahodha wa chama anahitaji 5 au zaidi, matokeo 30. Zikitoka moja na moja, ni zinge: upepo unazunguka na kumrudia aliyeuita. Kupanda cheo kunatokana na madeni yaliyolipwa, si maadui waliouawa.

Hatua ya tatu ni daftari, na hapa ndipo chama kinapozaliwa. Upepo hauumbwi, unachukuliwa mahali. Ukiongeza nguvu ghubani Tanga, mbele ya kisiwa cha Toten, mwendeshaji wa mchezo anachagua mahali pengine kwenye ramani pawe shwari kwa raundi hizo hizo: labda kisiwa cha Ulenge, labda cha Yambe, labda katikati ya mkondo wa Pemba ambako mashua ya mtu imejaa samaki na barafu inayeyuka. Daftari liwe na safu tano: siku, upepo, idadi ya ncha, waliopokonywa, malipo. Malipo yanaweza kuwa upepo wa kurudisha, samaki, au siku ya kazi. Deni lisilolipwa kwa siku saba linamnyima fundi kete 2 mpaka alipe. Bila daftari hilo mna genge tu lenye majoho.

Kosa linalorudiwa sana ni kupindua upepo ghafla chombo kikiwa kimetweka. Tanga la jahazi limefungwa kwenye foromali, yaani boriti inayolibeba, upande mmoja wa mlingoti. Upepo ukija kutoka upande usiotarajiwa, tanga linagandamizwa mlingotini, na foromali inaweza kuvunjika. Kwa hiyo geuza ncha moja kila raundi, au tua tanga kwanza.

Maswali (jina la mbele ni mahali anakotoka muulizaji)

Sahare: Fundi, safari yetu ya Pangani ilikuwa ya kaskazi, upepo uko nyuma, lakini mwendeshaji akatuchelewesha. Katuonea?

Hapana, ndugu yangu. Mkondo wa bahari pwani hii huenda kaskazini mwaka mzima. Wakati wa kaskazi hupungua kasi, lakini bado uko kinyume nanyi mkielekea kusini. Mafundi wa upepo hawana amri juu ya maji. Wakiitaka, undeni chama kingine muwagombanishe.

Ngamiani: Shikamoo mwalimu. Kwa nini msiwaite wachawi, tukaelewana?

Marahaba. Mchawi kwetu ni mtu wa kudhuru, na mchezaji akisikia hivyo ataanza kucheza kwa kudhuru. Fundi ni jina la kazi. Tena kuna utamu wa bure: wingi wa upepo ni pepo, na pepo ni huyo huyo anayepungwa kwa ngoma. Wanakijiji wa mchezo wamwendee fundi wakiwa na mgonjwa, wakidhani ni fundi wa pepo hao wengine. Kikao kizima kinapatikana hapo.

Muheza: Sisi tuko mbali na maji. Tawi la milimani linawezekana?

Linawezekana na linafaa. Usambara upepo hupanda mteremko mchana na kushuka usiku, kwa hiyo dira yenu iwe na ncha mbili tu, juu na chini, bei kete 3 kugeuza. Upepo wa bahari ukipandishwa mlimani hupoa na kuleta mvua; fundi akiuongeza, andikeni kwenye daftari nani alikuwa ameanika mahindi.

Raskazone: Mchezaji akikopa upepo kwa mafundi wenzake wa ghuba hiyo hiyo?

Anaandikwa mara mbili.