Neno la Kiingereza “tilth”: namna ya kulielewa, kulitumia na kulitafsiri

Geuza pakiti ya mbegu za karoti iliyotoka Uingereza usome maelekezo ya nyuma. Mara nyingi utakuta agizo fupi: “Rake to a fine tilth.” Neno la mwisho ndilo linalosumbua. Halifundishwi darasani, halisikiki kwenye mazungumzo ya kawaida, na hata Waingereza wengi wasiolima hawalijui barabara. Lakini kwa mwanafunzi wa kilimo, bwana shamba au mfasiri wa vijitabu vya wakulima, ni neno ambalo likikosewa mbegu haioti.

Kosa lililozoeleka ni kulifasiri “tifutifu”. Sauti zinakaribiana na maana zinaonekana jirani, ndiyo maana mtego huu hunasa hata watu makini. Katika vitabu vyetu vya kilimo, udongo tifutifu ni aina ya udongo: ule wenye mchanga, tope laini na mfinyanzi kwa kadiri inayofaa. Aina hiyo huibadilishi kwa jembe. Tilth ni hali ya udongo, yaani jinsi ulivyovunjika na kulainika kwa ajili ya mbegu na mzizi. Shamba lilelile, udongo uleule, laweza kuwa na tilth nzuri mwezi Machi likaipoteza Aprili kwa siku moja ya kulima kwenye tope. Udongo wa mfinyanzi waweza kuwa nayo, na udongo tifutifu waweza kuikosa. Mfasiri asiyetenganisha aina na hali humwambia mkulima atafute shamba jingine, wakati kilichotakiwa ni kulishughulikia vizuri alilonalo.

Matamshi na asili

Ni silabi moja. Anza na “til” kwa i fupi, kisha malizia kwa th ya “thelathini” na “themanini”, si dh ya “dhahabu”. Msemaji wa Kiswahili anayo sauti hiyo tayari. Kazi ni kujizuia asiongeze irabu mwishoni. Ukimalizia kwa t tupu umesema “tilt”, yaani kuinama upande. Katika kuandika, angalia herufi ya kwanza: f badala ya t hufanya “filth”, uchafu, na kosa hilo kompyuta haliwekei alama kwa kuwa ni neno halali.

Asili yake ni kitenzi cha Kiingereza cha Kale, “tilian”, kilichokuwa na maana ya kujitahidi na kupata kitu kwa juhudi, kisha kikawa kulima ardhi. Kiambishi cha mwisho, -th, huunda nomino, kama “grow” inavyozaa “growth” na “warm” kuzaa “warmth”. Kiswahili hufanya jambo la namna hiyo tunapopata “mavuno” kutoka “vuna”. Kwa hiyo ndani ya neno lenyewe mna wazo la kitu kilichopatikana kwa kazi, na wazo hilo halijafa hadi leo.

Maana unazoweza kukutana nazo

Katika maandishi ya zamani, tilth ni kazi ya kulima yenyewe, au safari moja ya kupitisha plau shambani. Mwandishi wa zamani akisema shamba lilipewa “a second tilth”, elewa kwamba lililimwa mara ya pili. Katika maana hii neno huhesabika.

Maana ya pili ni ardhi iliyolimwa, kinyume cha pori na malisho. Shakespeare analitumia hivyo katika The Tempest, mchezo wa mnamo 1611, pale mzee Gonzalo anapotaja vitu ambavyo havitakuwamo katika nchi ya ndoto yake: tilth imo pamoja na mipaka ya ardhi na mashamba ya mizabibu. Hapo tafsiri ni “mashamba yaliyolimwa”, au “kilimo”. Ukiandika “ulaini wa udongo” katika sentensi hiyo umeharibu kila kitu.

Maana ya tatu ndiyo hai leo, na ndiyo ya kwenye pakiti: hali ya udongo ukitazamwa kwa jicho la mbegu na mzizi. Udongo umevunjika chengachenga, chembe zake hushikana bila kugandamana, maji hupenya bila kutuama, hewa ipo, mzizi hupita bila kupigana. Kutokana na hiyo kuna matumizi mengine yanayolenga tabaka lenyewe lililolainishwa: “a tilth of 5 cm” ni sentimita 5 za juu za udongo uliotayarishwa.

Likianza kwa herufi kubwa, kwa kawaida ni jina. Oregon Tilth ya Marekani ni shirika linalothibitisha mazao ya kilimo hai, na jina lake huonekana kwenye vifungashio vya vyakula. Jina halitafsiriwi.

Linavyokaa katika sentensi

Linapenda kufuatana na maneno machache. Sifa zake ni “fine”, “good”, “coarse” na “poor”. Hakuna anayesema “high tilth”. Udongo wenye hali nzuri husemwa uko “in good tilth”, bila “a”. Udongo unaotayarishwa hufikishwa “to a fine tilth”, na hapo “a” ni lazima. Vitenzi vyake ni “rake”, “work” na “bring” upande wa kutengeneza, na “lose”, “improve” na “restore” pale hali inapoharibika au kurudishwa. Usilifanye kitenzi. Kitenzi ni “till”.

Wengi hulichanganya na “tillage”. Tillage ni kazi: plau, haro, jembe. Tilth ni matokeo, na si lazima yatokane na jembe. Fukua udongo chini ya majani makavu ya msitu wa zamani uone ulivyo mwepesi na wa chengachenga, na hakuna aliyeulima. Minyoo, kuvu, mizizi na mboji vimefanya kazi hiyo. Kwa upande mwingine, trekta laweza kupita mara nne, tillage ikawa nyingi na tilth ikawa mbovu kuliko mwanzo.

Waingereza wana pia “frost tilth”. Mkulima hulima mfinyanzi mzito kabla ya majira ya baridi na kuacha madongoa makubwa. Maji yaliyomo huganda, na kwa kuwa maji yakiganda huongezeka ujazo kwa karibu asilimia 9, madongoa hupasuka yenyewe. Kwetu usilifasiri kwa “baridi” tu, maana msomaji wa Shinyanga atashangaa baridi inalimaje. Eleza: ulaini unaotokana na barafu kupasua madongoa. Kinachofanana nao kwetu ni udongo mweusi wa mbuga, ambao huvimba ukilowa na kupasuka ukikauka, hadi uso wake ukajivunja chengachenga wenyewe.

Kulitafsiri

Hakuna neno moja la Kiswahili linalotosha kila mahali, na ni afadhali kulikubali hilo kuliko kulazimisha. Uliza kwanza: sentensi inazungumzia kazi, ardhi, hali au tabaka?

Kwenye maelekezo, geuza nomino kuwa tendo. “Rake to a fine tilth” iwe “Piga reki mpaka udongo uwe chengachenga, bila mabonge.” Mkulima anajua la kufanya na lini aache. “Compost improves tilth” iwe “Mboji huufanya udongo utifuke kwa urahisi na usigandamane.” Kitenzi “tifua” na ndugu yake “tifuka” ni msaada mkubwa hapa, kinachoponza ni “tifutifu”, kwa sababu limeshachukuliwa na aina ya udongo. “Clay loses its tilth if worked wet” iwe “Mfinyanzi ukilimwa ungali na maji mengi hugandamana na kuharibika.”

Kwenye kitabu cha kiada, ambako dhana inahitaji jina, “hali ya utifukaji wa udongo” linatosha, mradi lifafanuliwe mara ya kwanza na litumike lilelile hadi mwisho. Kubadilisha jina kila ukurasa kwa kuogopa kurudia humfanya mwanafunzi adhani ni mambo mawili.

Kuiona kwa macho kabla ya kuiandika

Anayetafsiri neno hili bila kuushika udongo atakosea tu. Majaribio haya matatu hayahitaji maabara.

La kwanza ni la unyevu. Chukua udongo wa kina cha sentimita 10 hadi 15, ukande, uviringishe viganjani uwe kama mnyoo wa urefu wa sentimita 5 na unene wa milimita 4. Ukikatikakatika kabla ya kufika unene huo, udongo uko tayari kulimwa. Ukikubali kuwa mnyoo mzuri, mlaini, unaong'aa, acha jembe nyumbani. Ukiulima hivyo, chembe hupakana kama tope la ukuta, matundu ya hewa huziba, na jua likiwaka unapata madongoa kama matofali.

La pili ni la kudondosha. Chimbua kwa sepetu mchemraba wa udongo, sentimita 20 kila upande. Uachie kutoka kimo cha mita 1 uangukie kwenye beseni pana lenye ubao chini. Bonge kubwa likibaki, lidondoshe tena, lakini lisizidi mara tatu. Mwaga yote kwenye turubai, uyapange mabonge makubwa upande mmoja na chembe ndogo upande wa pili. Zikitawala chembe ndogo za mviringo zenye matundu, hiyo ni “good tilth”. Yakitawala mabonge yenye kona kali na nyuso bapa zilizoziba, hiyo ni “poor tilth”, na sasa una picha ya kuandikia.

La tatu huonyesha kama ulaini utadumu. Weka kibonge kikavu cha ukubwa wa punje ya mhindi kwenye glasi ya maji safi, usiitikise, utazame kwa dakika 5. Maji yakiingia kwa kasi huibana hewa iliyomo ndani, na kibonge kisicho na gundi ya mboji na kuvu hupasuka na kusambaa chini. Udongo wa namna hiyo waweza kuonekana mzuri baada ya reki, lakini mvua kubwa ya kwanza itaubomoa. Maji yakianza pia kuwa na ukungu wa maziwa kuzunguka kibonge, mfinyanzi wenyewe unaachana, na hilo ni baya zaidi.

Panapoharibika

Neno “fine” ndilo linalopotosha. Halina maana ya vumbi. Kwa mbegu ndogo kama karoti, mchicha na vitunguu, zinazofukiwa kina kisichozidi kama sentimita 1, chembe nyingi ziwe kati ya milimita 1 na 5: kama chenga za mchele, si kama unga wa sembe. Unga huziba matundu mvua ikinyesha, kisha uso hukauka na kuwa ukoko kama wa chini ya sufuria ya wali. Mche wa karoti hauna nguvu ya kuuvunja. Hupinda chini yake na kufa. Ukiona tuta limeota kwenye nyufa tu na pengine pote ni kimya, umeukuta ukoko.

Imani kwamba udongo ukisagika zaidi ni bora zaidi ina historia ndefu. Jethro Tull, mkulima wa Uingereza aliyebuni mashine ya kupanda mbegu kwa mistari mnamo 1701, aliamini kwamba mizizi hula chembe ndogo za udongo zenyewe, kwa hiyo kuuponda udongo ni kuulisha mmea. Mistari yake ilikuwa na faida kweli. Maelezo yake ya chakula cha mmea hayakuwa sahihi.

Mahindi hayahitaji ulaini huo. Punje inayofukiwa sentimita 5 huvumilia mabonge madogo juu yake, na mabonge hayo huukinga uso na matone ya mvua. Kwa hiyo “coarse tilth” si tusi. “Udongo uliovunjwa kwa wastani” ndiyo tafsiri yake.

Panapoandikwa “restore tilth”, usitafsiri kwa kuagiza kulima zaidi. Kinachokusudiwa ni kurudisha mboji: kwenye tuta la mboga, debe 1 la lita 20 la mboji au samadi iliyooza kwa kila mita mraba, yaani safu ya sentimita 2, ichanganywe na sentimita 15 za juu. Shambani ni kuacha mabua badala ya kuyachoma, na kupanda mazao ya kufunika ardhi.

Mwisho, jihadhari na vitabu vya mpunga. Humo utakuta tilth ikivunjwa kwa makusudi: jaruba hujazwa maji na udongo huburugwa mpaka uwe uji, matundu yazibe na maji yasizame upesi. Mwandishi hasemi mkulima amekosea, kwa hiyo usitumie “kuharibu udongo” hapo, “kuburuga” linatosha. Neno “kuharibika” liweke aya ya baadaye, pale kitabu kinapoeleza kwa nini kunde au dengu zilizopandwa baada ya mpunga hazikustawi kwenye udongo uleule uliokauka na kuwa bonge moja.